Maji ya Ziwa Letu na Bustani za Misri

Wahenga walisema, penye miti hapana wajenzi. Neno hilo latuhusu sana sisi tukaao kandokando ya Ziwa Victoria, tangu Magu na Mwanza mpaka Sengerema, na katika visiwa vya Ukerewe na Ukara. Maji tunayo mbele ya macho yetu mwaka mzima: twavua ndani yake, twasafiri juu yake, twayateka kwa ndoo. Walakini mvua ikikoma mwezi wa Mei, bustani nyingi hunyauka, na mama wa nyumba huanza kutafuta mboga kwa taabu mpaka mvua za Novemba. Na maji hayo hayo, yakisha kutoka ziwani huko Jinja, hushika njia ya kaskazini, yakapita Uganda, Sudani Kusini na Sudani, hata mwisho yakafika katika nchi ya jangwa. Huko watu huyatumia kuotesha vitunguu, nyanya na matango ya kula wenyewe, na mengine ya kuuza ng'ambo.

Nchi hiyo ni Misri. Katika habari hii nataka kueleza jinsi kilimo cha mboga kilivyoendelea katika nchi ile isiyo na mvua, na jinsi kilivyokwenda kwetu tulio na mvua na ziwa pia. Tukizilinganisha habari hizi mbili tutaona kwamba kuwa na maji ni jambo moja, na kuwa na bustani ni jambo jingine.

Nchi isiyo na mvua

Mji wa Cairo hupata mvua ya kadiri ya inchi moja tu kwa mwaka. Mwanza hupata kadiri ya inchi 40. Karibu nchi yote ya Misri ni mchanga na mawe. Watu wake, ambao mwaka 2020 walipita milioni 100, karibu wote hukaa katika ukanda mwembamba wa udongo mweusi kandokando ya Mto Nile, na katika ile nchi tambarare ambako mto hugawanyika matawi kabla ya kuingia baharini.

Sifa ya mboga za Misri ni ya kale sana. Wasomaji wa Biblia wakumbuka katika kitabu cha Hesabu, sura ya 11, jinsi Waisraeli walivyolilia jangwani matango, matikiti na vitunguu walivyovizoea huko. Tena katika Kumbukumbu la Torati, sura ya 11, Musa awaonyesha tofauti ya nchi mbili: moja ambayo mtu hupanda na kuinywesha kwa jasho lake mwenyewe kama bustani ya mboga, na nyingine inayokunywa mvua ya mbinguni. Nchi yetu ni kama hiyo ya pili. Hiyo ni baraka kubwa, lakini yafaa tuangalie jinsi hao wasiokuwa nayo walivyojifunza.

Zamani Wamisri walingoja gharika. Mto ulifurika mwezi wa Agosti na Septemba, nao wakauzuia kwa matuta, maji yakatuama mashambani mfano wa majaruba yetu ya mpunga. Yakisha kunywewa na ardhi, wakapanda ngano na maharagwe. Lakini mboga hazingoji gharika. Zataka maji kila baada ya siku chache. Basi wakatengeneza chombo kiitwacho shadufu: mti mrefu uliolazwa juu ya nguzo, upande mmoja ndoo, upande wa pili donge la udongo mzito. Mtu huvuta ndoo chini mpaka majini, kisha akaiachia, na ule uzito ndio unaoinua maji. Baadaye ikaja sakia, yaani gurudumu lenye mitungi, lizungushwalo na ng'ombe. Kila palipokuwa na shadufu au sakia palikuwa na bustani.

Mabadiliko makubwa yalikuja wakati wa Muhammad Ali, aliyetawala Misri tangu mwaka 1805 mpaka 1848. Yeye alitaka pamba ya kuuza Ulaya, na pamba ilihitaji maji wakati mto umepungua. Akalazimisha watu kwa maelfu kuchimba mifereji yenye kina kirefu. Kazi hiyo ilikuwa ya mateso. Lakini mifereji ilipokwisha kuchimbwa, mboga nazo zikafuata maji. Mwaka 1902 likajengwa bwawa la Aswan, na kati ya mwaka 1960 na 1970 likajengwa lile bwawa kubwa zaidi linaloweza kuweka maji ya mwaka mzima na zaidi. Tangu hapo gharika haiji tena mashambani, na mkulima aweza kupanda mara mbili au tatu kwa mwaka.

Bei iliyogeuza mashamba

Mtu asidhani kwamba mabwawa peke yake yalileta mboga. Baada ya mapinduzi ya mwaka 1952, serikali ya Misri iliwaagiza wakulima walime pamba, mpunga na ngano kwa kadiri iliyowekwa, nayo ikanunua kwa bei yake yenyewe, ambayo mara nyingi ilikuwa ndogo. Mboga na matunda hazikuwekewa amri hiyo. Ziliuzwa sokoni kwa bei ya sokoni. Wakati huo huo miji ilikuwa ikikua upesi. Mkulima si mjinga: pole pole alipunguza kile alichoamriwa, akaongeza kile kilichomlipa. Kuanzia mwaka 1986 serikali ilianza kulegeza amri hizo, lakini njia ya mboga ilikuwa imekwisha kupita. Siku hizi Misri ni miongoni mwa nchi kumi za kwanza duniani kwa wingi wa nyanya, nayo hupeleka vitunguu na viazi mpaka Ulaya na Uarabuni. Hata jangwani penyewe yamefunguliwa mashamba mapya, ambamo maji hupitishwa katika mipira yenye matundu madogo, yakadondoka tone kwa tone kwenye shina la mmea.

Wala hawakukosa taabu. Maji yakinyweshwa mengi bila mifereji ya kuyatoa, chumvi hupanda juu ya ardhi na kuiua. Ule udongo mzuri ulioletwa na gharika sasa hubaki nyuma ya bwawa, kwa hiyo hapana budi kununua mbolea. Na nyumba za miji zimekula sehemu ya mashamba bora. Haya nayo ni mafundisho.

Kuna jambo moja zaidi ambalo litawapendeza akina mama wa kwetu. Mboga ipendwayo kuliko zote na Wamisri huitwa mulukhiya. Yapata miaka elfu moja iliyopita khalifa mmoja wa Cairo, jina lake al-Hakim, aliipiga marufuku isiliwe. Yeye alikufa, mboga ikabaki. Majani yake huteleza yakipikwa, nao huyala mabichi au huyakausha wayaweke. Mmea huo ni mmoja wa mimea ile ile ambayo sisi twaiita mlenda. Mmisri huupanda kwa mistari, huunywesha, huutia mbolea, akaupeleka sokoni Cairo. Sisi twauchuma katikati ya magugu, na mwaka usipoota twasema hakuna mlenda.

Mkataba wa mwaka 1929

Hapa yatupasa kueleza jinsi habari za Misri zilivyofungamana na za Mwanza. Tarehe 3 Agosti 1858 Mwingereza John Speke alifika Mwanza kutoka Tabora, akaliona ziwa, akasadiki kwamba humo ndimo Nile utokamo. Wenyeji walikuwa wakilijua ziwa lao tangu hapo. Lakini kwa watawala wa Ulaya neno lile lilikuwa na maana kubwa, kwa kuwa mwenye kushika chanzo hushika na mto. Mwaka 1882 Waingereza wakaishika Misri, baadaye Uganda na Kenya, na baada ya Vita Kuu ya kwanza wakapewa na Tanganyika.

Tarehe 7 Mei 1929 Uingereza na Misri wakapatana kwa barua. Walikubaliana kwamba katika Sudani na katika nchi zilizo chini ya Waingereza isifanywe kazi yo yote ya kunywesha mashamba au ya kupata nguvu za umeme, juu ya Nile, au matawi yake, au maziwa yaulishayo, ambayo ingepunguza maji ya Misri au kuyachelewesha, pasipo Misri kukubali kwanza. Sababu yao ilikuwa hii: gharika ya Nile yatoka Ethiopia, nayo huja kwa miezi michache tu, bali maji ya maziwa yetu hutiririka mwaka mzima. Kabla ya bwawa kubwa kujengwa, hayo ndiyo yaliyotegemewa sana wakati mto umepungua.

Hakuna mkulima wa Usukuma wala wa Ukerewe aliyeulizwa. Kweli, mkataba haukumkataza mwanamke kuchota ndoo na kumwagilia mchicha wake. Lakini mtu aliyefikiria mfereji mkubwa au mashine ya kuvuta maji kwa shamba kubwa alikuta ruhusa yapaswa kutafutwa mbali. Huko Sudani, ambako Waingereza walitaka pamba, walikuwa wamekwisha jenga bwawa la Sennar mwaka 1925 na kunywesha nchi pana ya Gezira. Kwetu pamba iliachwa itegemee mvua.

Mwaka 1959 Misri na Sudani waligawana maji yote ya mto wao wawili tu: Misri meta za ujazo bilioni 55.5 kwa mwaka, na Sudani bilioni 18.5. Nchi za maziwa hazikutajiwa hata tone. Ndipo mwaka 1962 serikali ya Tanganyika ikatangaza kwamba mkataba wa 1929 haukuwa na nguvu juu ya nchi iliyojipatia uhuru wake. Mwaka 2004 serikali ya Tanzania ikaanza mpango wa kuvuta maji ya ziwa kutoka Ihelele, wilaya ya Misungwi, kuyapeleka Kahama na Shinyanga. Misri ilinung'unika, lakini bomba likalazwa, na mwaka 2009 kazi hiyo ikazinduliwa. Mwaka 2010 Tanzania na wenzake walitia sahihi huko Entebbe mapatano mapya ya kutumia Nile kwa haki, na mapatano hayo yalipata nguvu ya sheria tarehe 13 Oktoba 2024, ingawa Misri na Sudani hawakuyakubali.

Je, tukinywesha bustani zetu twawaibia Wamisri? Tufikiri kwa haki. Katika maji yote yafikayo Aswan, sehemu kama 85 katika kila 100 zatoka milima ya Ethiopia. Yale yatokayo kwetu hupoteza nusu yake katika vinamasi vya Sudani Kusini. Tena katika ziwa lenyewe jua hunyanyua maji mengi kuliko yale yatokayo Jinja. Bustani za mboga za pwani yote ya ziwa haziwezi kulinganishwa na kile kichukuliwacho na jua. Hofu ya Wamisri si ya bure, maana hawana mto mwingine. Lakini sahani yao ya vitunguu haitapungua kwa sababu mtu wa Magu amepanda bamia.

Kwetu mambo yalivyokuwa

Tusiutwike mkataba lawama zote. Bila mkataba wo wote, wazee wetu walikuwa na kilimo chao kilichotazama mvua: mtama, uwele, kunde na njugu mawe. Baadaye vikaingia viazi vitamu, mihogo na mahindi, vyote asili yake Amerika. Mboga zilikuwa majani ya kunde na ya maboga, mgagani, mlenda, na baadaye matembele na kisamvu. Kwa ajili ya kiangazi hawakunywesha, bali walikausha. Majani ya kunde yaliyoanikwa, yaitwayo nsansa, na viazi vilivyokatwa na kuanikwa, yaani michembe, ndivyo vilivyokuwa ghala ya Usukuma. Hiyo ilikuwa hekima kamili, nayo imeokoa watu wengi wakati wa njaa.

Wala si kweli kwamba watu wa ziwa hawakujua kilimo cha bidii. Tazama Wakara. Mabwana shamba waliofika kisiwa cha Ukara katika miaka ya 1930 walistaajabu, maana walikuta watu wapatao 200 katika kila kilometa mraba, nao wanajilisha. Ng'ombe walilishwa nyumbani, na samadi yao ikachukuliwa shambani. Katikati ya uwele walipanda marejea, wakayafukia ardhini yawe mbolea. Karibu na ziwa walichimba mashimo wakapanda majani ya mifugo, na mabondeni waliongoza maji ya vijito kwenye mpunga. Kila kipande cha shamba na kila mti ulikuwa na mwenyewe. Wakara hawakuwa na elimu ya Misri, ila walikuwa na haja ile ile: watu wengi, ardhi kidogo. Haja ndiyo iliyowafundisha wote wawili. Sehemu nyingine za Usukuma zilikuwa na ardhi pana, kwa hiyo shamba likichoka watu walihamia jingine.

Tena ilikuja pamba. Reli ilipofika Mwanza mwaka 1928 njia ya kwenda Dar es Salaam ilifunguka, na kituo cha utafiti cha Ukiriguru kikatoa mbegu bora. Baada ya mwaka 1945 pamba iliongezeka sana, na mwaka 1955 vyama vya wakulima vikaungana kuwa shirikisho moja kubwa lililojulikana mbali. Pamba ilijenga nyumba za bati na kulipa karo za watoto, hatuwezi kuidharau. Lakini huvunwa wakati wa kiangazi, tangu Mei au Juni, yaani wakati ule ule ambao bustani huhitaji mikono ya kuchota maji. Pamba ilikuwa na chama, ghala, mizani na kiwanda. Nyanya haikuwa na kitu. Ikikaa siku nne huoza. Basi mtu alichagua kilichokuwa na njia. Karibu na nyumba za walimu na misheni zilikuwako bustani za kabichi na vitunguu, lakini mara nyingi mtoto alijua bustani ya shule kama mahali pa adhabu, akatoka shuleni asitamani kuiona tena.

Mwaka 1976 serikali ilivunja vyama vya ushirika, na ingawa vilirudishwa, biashara ya pamba haikurudia hali yake ya kwanza. Mwaka 1994 ikafunguliwa kwa wafanyabiashara wote. Wakati huo Mwanza ilikuwa ikikua. Hesabu ya mwaka 2022 ilikuta watu zaidi ya milioni 3.6 katika mkoa. Hao wote hula mboga. Vitunguu vya Singida na vya Mang'ola, nchi kavu iliyo karibu na ziwa la chumvi la Eyasi, vimepata jina katika masoko ya nchi yetu. Watu wa Mang'ola wana chemchemi na mifereji tu, na mvua yao ni haba. Jambo hili lastahili kufikiriwa na mtu aishiye penye ziwa.

Kichwa cha mwanamke

Kwa maoni yangu, tofauti kubwa kati yetu na Misri haimo katika uvivu wala katika akili. Imo katika swali hili: ni nani apandishaye maji? Bustani wakati wa jua kali yataka kadiri ya lita tano kwa kila meta mraba kwa siku. Kwa hiyo kijishamba cha meta kumi kwa kumi chataka ndoo 25 za lita 20 kila siku. Huko Misri, maelfu ya miaka iliyopita, kazi hiyo iliwekwa juu ya donge la udongo, kisha juu ya ng'ombe, kisha juu ya mashine. Kwetu imebaki juu ya kichwa cha mwanamke, ambaye amekwisha teka maji ya nyumbani na kutafuta kuni. Tusishangae kwamba bustani yake ni ndogo. Tustaajabu kwamba ipo.

Siku hizi pampu ya mguu na pampu za petroli na za jua zaonekana kandokando ya ziwa, nazo zimeanza kubadili mambo. Lakini ziko hatari mbili. Ya kwanza ni kulima mpaka ukingoni. Sheria ya mazingira ya mwaka 2004 yakataza shughuli za kudumu ndani ya meta 60 kutoka ufukweni. Wengine huiona kuwa ni uonevu, kwa kuwa pale ndipo penye unyevu. Lakini udongo, mbolea na dawa za wadudu zikiingia ziwani hulisha magugu maji, yale yaliyoanza kutusumbua karibu na mwaka 1990, na kuharibu mazalio ya samaki. Mwenye pampu aweza kuacha majani na miti ukingoni, akavuta maji kwa mpira mpaka juu ya mpaka wa sheria. Asiye na pampu ndiye sheria inayemwumiza, na huyo ndiye wa kusaidiwa kwanza. Watu kumi wakichanga wakanunua pampu moja, wamefanya zaidi ya mkataba wo wote.

Hatari ya pili ni kupanda wote kitu kimoja kwa wakati mmoja, kisha kutupa nyanya kwa kukosa mnunuzi. Wamisri walifuata bei. Nasi tujifunze kuiuliza sokoni kabla ya kupanda, si baada ya kuvuna.

Ruhusa ya kutumia maji ya ziwa tumeipata. Ilidaiwa mwaka 1962, na mwaka 2024 ikathibitishwa katika mapatano. Lakini ruhusa haioteshi mchicha. Mlenda ule ambao Mmisri huupanda kwa mistari umo mashambani mwetu, mbegu zake haziuzwi ghali, na ziwa li karibu. Kilichobaki ni kumtua mama ile ndoo kichwani.